Kesi ya jinai iko Mumias, mlalamishi anaishi Nakuru: inahamishwaje?

Mkaazi wa Lanet
Hamjambo wanajukwaa. Mama mmoja alijeruhiwa Mumias, na kesi ya kudhuru mwili vibaya iko kwa hakimu wa hukohuko. Sasa anakaa Nakuru kwa bintiye, anatembea kwa magongo, na kila kesi ikitajwa anapanda matatu kwenda kuambiwa imeahirishwa. Mshtakiwa amekana mashtaka, na hakuna shahidi aliyesikizwa bado. Amwandikie hakimu barua, au aende Mahakama Kuu ya Nakuru? Taabu ya safari ni sababu tosha?

Karani wa Zamani
Hakimu wa Mumias hawezi kuituma kesi Nakuru. Kifungu cha 79 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kinamruhusu kumkabidhi hakimu mwenzake wa eneo lilelile, basi. Mwenye uwezo huo ni Mahakama Kuu, kwa kifungu cha 81. Ombi lipelekwe Kakamega, kituo kinachosimamia Mumias. Likipelekwa Nakuru, huenda likarudishwa Kakamega, na miezi imeshapita.

Kifungu cha 81 kinataja sababu kadhaa: hofu kwamba kesi haitaendeshwa kwa haki, haja ya mahakama kuona mahali pa tukio, na nafuu ya wahusika au mashahidi kwa jumla. Hayo maneno "kwa jumla" ndiyo yanayoangusha wengi. Jaji hamtazami mlalamishi peke yake. Daktari aliyejaza fomu ya P3 (fomu ya polisi ya kueleza majeraha), afisa wa uchunguzi, majirani walioshuhudia na mashahidi wa mshtakiwa, wote wako upande wa Mumias. Ukimpunguzia mmoja safari na kuwaongezea wengine sita, ombi limekufa. Tena kifungu cha 71 kinasema kosa kwa kawaida lisikizwe lilikotendeka.

Wakili Kisumu
Naongezea la utaratibu. Mwenye kuendesha kesi ni Jamhuri, kwa hiyo mama aanzie kwa kiongozi wa mashtaka, aombe ofisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma ilete ombi yenyewe. Ikikubali, hati ya kiapo haihitajiki. Ikikataa, anaweza kuomba mwenyewe kama mtu mwenye maslahi katika kesi, lakini hapo hati ya kiapo ni lazima. Aambatanishe karatasi ya mashtaka, barua ya daktari inayosema waziwazi kwa nini hawezi safari ndefu, na orodha ya mashahidi pamoja na mahali wanakoishi. Mshtakiwa apewe nakala, maana ana haki ya kupinga.

Kuwasilisha ombi hakusimamishi kesi! Aombe pia amri ya kuisimamisha kwa muda. Asipofanya hivyo, siku ya kusikizwa itafika, mashahidi hawapo, hakimu akatae kuahirisha, upande wa mashtaka ufunge bila ushahidi, na mshtakiwa aachiliwe huru kwa kifungu cha 210.

Na asimshambulie hakimu ili kulitia ombi uzito. Tuhuma za upendeleo zisizo na ushahidi humfanya jaji atilie shaka hata yale ya kweli.

Mkaazi wa Lanet
Asanteni sana. Je, kungoja shahidi mmoja au wawili kwanza kuna hasara?

Karani wa Zamani
Kubwa. Hakimu mpya akiipokea kesi katikati, kifungu cha 200 kinampa mshtakiwa haki ya kudai mashahidi waliokwisha kusikizwa waitwe upya. Mama atasimulia jeraha lake mara mbili. Kama ni kuhamisha, iwe sasa.

Ila kwa maoni yangu hamhitaji kuhamisha. Siku ya kutajwa hakuna ushahidi unaochukuliwa. Atazame bondi yake ya shahidi, yaani hati inayomtaka afike mahakamani, na kama haimwiti siku hiyo, abaki Nakuru na ampigie simu afisa wa uchunguzi ajue tarehe. Kisha kiongozi wa mashtaka amwombe hakimu amsikize mama wa kwanza, mapema asubuhi, au kwa njia ya video akiwa katika mahakama ya Nakuru. Hayo hayahitaji jaji.

Wakili Kisumu
Naunga mkono. Ombi la video lifanywe kabla ya siku ya kusikizwa, ili mahakama zote mbili ziandae mitambo na P3 iwe mbele ya mama huko Nakuru atakapoulizwa juu yake. Kama kuna vitisho, hilo ni jambo jingine: aripoti polisi, achukue nambari ya OB (kitabu cha matukio cha kituo cha polisi), na kiongozi wa mashtaka aelezwe siku hiyohiyo.