Naomba ushauri: mwanangu anaiga katuni za Coyote na Road Runner

Habari za jioni ndugu zangu. Mwanangu wa miaka mitano anapenda mno zile katuni za Road Runner, zilizoanza mwaka 1949 huko Marekani chini ya mwongozaji Chuck Jones. Wengi mnazijua: Coyote, mnyama kama mbweha, ana njaa, anamwinda Road Runner, ndege mwenye mbio, anaagiza vifaa vya kampuni ya kubuni ya Acme, roketi, baruti, springi, na kila mtego unamgeukia mwenyewe. Anatumbukia korongoni, vumbi linatimka kule chini, mara yuko mzima anapanga mtego mwingine.

Hapo ndipo penye shida. Jumamosi mtoto aliruka kutoka juu ya kabati, akachanika kidevu, akashonwa nyuzi tatu. Nilipomuuliza akasema, "Mama, si Coyote huwa anaamka?"

Baba yake anataka tuzifute zote. Mimi nasita, maana tukitazama pamoja tunacheka hadi machozi, na hata zile hadithi za Sungura na Fisi alizonisimulia bibi zilikuwa na vipigo vilevile. Mliolea watoto wa umri huu, mlimweleweshaje mtoto kwamba mwili wake si wa katuni? Au nizizuie kwanza, nimrudishie akifika miaka saba?