Ukiona tunda usiachie

Kikundi: WA NYUMBA KUBWA (wanachama 13)

Zuhura, 06:48
Habari za asubuhi nyote. Tableti ya mama imekwama tangu jana usiku. Inaonesha lile tunda la nembo ya Apple tu, inazima, inarudi kwenye tunda. Naomba kila mtu asome hapa.

Zuhura, 06:49
Na kusoma si kuweka alama za buluu. Kusoma ni kujibu.

Zuhura, 07:20
Watu 14 kimya.

Baraka, 07:31
13 mama. Yusufu alijitoa

Zuhura, 07:31
Tusianze na Yusufu asubuhi hii.

Sadiki, 07:40
Niko kwa mama. Nimebonyeza kila mahali panapobonyezeka. Haisikii.

Zuhura, 07:41
Sadiki acha kubonyeza! @Hamisi uko wapi? @Hamisi

Sadiki, 07:44
Kuna kijana kwenye video anasema zima, halafu shika kitufe cha kuwashia pamoja na cha kuongeza sauti, itakuja menyu ya maandishi. Nimeshika mpaka kidole kimekufa ganzi. Maandishi hayaji.

Baraka, 07:45
Mjomba hajawahi kushika kitu muda mrefu hivyo

Fadhila, 07:45
😂😂

Baraka, 07:46
Isipokuwa ile ngazi yetu

Sadiki, 07:47
Ngazi niliirudisha.

Zuhura, 07:48
Ilirudi imepungua vidato vitatu. Lakini leo hatuzungumzii ngazi. Nani ana namba nyingine ya Hamisi?

Neema, 07:59
Mjomba, hiyo menyu ya maandishi si ndiyo ile ile ya simu ya babu?

Neema, 07:59
Nauliza tu

Sadiki, 08:15
Neema nakuomba.

Hamisi, 09:12
Shikamooni. Nilikuwa zamu ya usiku, ndiyo nafungua macho. Mjomba usiguse kitu. Video hiyo ni ya Android. Ya bibi ni iPad, haina menyu ya maandishi kabisa. Hata ushike mpaka jioni.

Zuhura, 09:12
Marahaba, HATIMAYE

Hamisi, 09:14
Kwanza, chini ya kioo pana kitufe cha duara cha kubonyeza?

Sadiki, 09:16
Kuna duara dogo kule juu.

Hamisi, 09:16
Hiyo kamera mjomba

Sadiki, 09:17
Basi hakuna duara.

Hamisi, 09:21
Sawa, haina kitufe cha Home. Sikiliza. Kuna kitufe cha juu, cha kuwashia. Kuna viwili vya sauti. Bonyeza na uachie haraka kile cha sauti kilicho karibu na kitufe cha juu. Kisha bonyeza na uachie haraka kile kilicho mbali. Kisha shika cha juu, ushikilie. Likija tunda, achia. Huko ni kuiwasha upya kwa nguvu, haifuti hata picha moja. Tuanze na hilo.

Sadiki, 09:34
Nimefanya. Limekuja tunda. Limezima. Limekuja tunda.

Hamisi, 09:35
Basi mfumo wenyewe umeharibika, si kwamba imeganda tu. Inabidi tuiingize kwenye hali ya urejeshaji na kompyuta iipakie mfumo mpya. Jana ilikuwa inafanya nini kabla ya kukwama?

Fadhila, 09:38
Ilikuwa inajisasisha. Bibi alikubali, nikaichomeka kwenye chaja mwenyewe, nikaenda kulala. Asubuhi nimeikuta haina chaja

Hamisi, 09:39
Ndiyo maana. Chaji imeisha katikati ya kazi.

Zuhura, 09:40
NANI ALICHOMOA CHAJA

Zuhura, 09:40
Nauliza kwa amani

Zuhura, 09:52
Fadhila nani walilala hapo jana?

Fadhila, 09:55
Shangazi mimi na bibi. Na wageni wa jioni walishaondoka

Zuhura, 09:55
Wageni gani?

Hamisi, 09:58
Tutamtafuta mchomoaji baadaye. Fadhila, laptopu yako ina iTunes, ile programu ya Apple ya kuunganisha tableti na kompyuta?

Fadhila, 10:01
Ninayo ya zamani. Windows. Naishusha sasa

Fadhila, 10:26
Tayari. Tumechomeka. Kompyuta haioni kitu ila tableti inachaji

Hamisi, 10:28
Waya huo ni wa chaji tu, haupitishi data. Viko vingi vya hivyo. Tafuteni ule uliokuja na tableti kwenye boksi.

Sadiki, 10:29
Boksi alikaa nalo Yusufu.

Neema, 10:31
🤐

Fadhila, 10:50
Nimepata wangu mwingine. Huu kompyuta imelia *tilin*

Hamisi, 10:53
Safi. Sasa mjomba, vitufe ni vile vile. Cha karibu, achia. Cha mbali, achia. Shika cha juu. Tofauti ni moja: UKIONA TUNDA USIACHIE. Endelea kushika mpaka lipotee na uone mchoro wa waya unaoelekea kwenye kompyuta.

Sadiki, 10:57
Limekuja tunda nikaachia.

Hamisi, 10:57
Usiachie mjomba

Sadiki, 11:02
Mkono una mazoea. Nikiona kitu kimetokea unaachia wenyewe.

Baraka, 11:03
Ndoa ya kwanza hiyo

Zuhura, 11:03
BARAKA

Hamisi, 11:04
Fadhila shika wewe

Fadhila, 11:09
[picha]
Waya na kompyuta! Imeingia. Na kwenye laptopu kuna ujumbe, unasema iPad ina tatizo, inabidi isasishwe au irejeshwe. Pana Update, Restore na Cancel

Sadiki, 11:10
Nabonyeza Restore.

Hamisi, 11:10
HAPANA

Hamisi, 11:10
Mjomba toa mkono kwenye kipanya

Sadiki, 11:12
Restore si kurejesha? Mimi nataka vitu vya mama virejee.

Hamisi, 11:15
Inairejesha tableti ilivyotoka kiwandani, tupu. Vya bibi havirejei, vinaondoka. Update ndiyo inajaribu kuweka mfumo upya bila kugusa vilivyomo. Kwa hiyo Update. Na tukiwa kwenye hali hii hatuwezi kunakili kitu chochote pembeni kwanza. Iliyopo ndiyo iliyopo.

Zuhura, 11:16
Si vitu vyote viko kule juu kwenye iCloud, ile hifadhi ya Apple ya mtandaoni?

Hamisi, 11:18
Mama mdogo, za bure ni GB 5 tu. Zilijaa siku nyingi, bibi akawa anaondoa lile tangazo kila likija.

Fadhila, 11:19
Nimebonyeza Update. Inashusha

Fadhila, 11:41
Hamisi tableti imejitoa kwenye ule mchoro. Imerudi kwenye tunda!!

Sadiki, 11:41
Sikugusa. Fadhila shahidi.

Hamisi, 11:44
Ni kawaida, msiogope. Kompyuta ikishusha zaidi ya dakika 15, tableti inaweza kujitoa. Faili ni la GB kadhaa. Acheni lishuke lote, kisha rudieni vitufe upya, mbonyeze tena Update. Safari ya pili faili litakuwa limeshafika.

Zuhura, 12:30
Tumefikia wapi? Nimeomba ruhusa kazini ya saa moja, nina siku nzima sasa.

Fadhila, 12:48
Laptopu imesema diski imejaa. Imekatiza

Fadhila, 12:48
Nilishafuta nilichoweza. Ni ya zamani shangazi

Zuhura, 12:52
Jamani. Basi bonyezeni hiyo Restore tumalize. Mama atatengenezewa upya, picha tutamtumia sisi. Kila mtu ana picha. Mambo yaishe.

Hamisi, 12:55
Kwanza Restore nayo inashusha faili hilo hilo, diski itajaa vile vile. Pili, ikishajifuta itauliza akaunti na nenosiri la mwenyewe ndiyo ifunguke. Kufuli hilo lipo tangu 2013, halipitiki kwa ujanja. Akaunti alifungua nani?

Neema, 12:58
Yusufu

Hamisi, 12:58
Ah

Neema, 13:01
Ni yale yale ya simu ya babu. Ilifutwa kwenye menyu, ikawaka, ikadai akaunti ya Google ya babu. Iko kwenye droo mpaka leo, imefungwa na haina kitu.

Zuhura, 13:03
Yusufu ndiye aliyeifuta ile simu na hakuomba radhi. Hilo lilikwisha.

Neema, 13:04
Lilikwisha kwa nani?

Sadiki amefuta ujumbe huu

Sadiki amefuta ujumbe huu

Zuhura, 13:09
Sadiki unaandika nini unafuta?

Fadhila, 13:22
[ujumbe wa sauti, 1:07]
Bibi huyo. Amesema nimrekodi

Neema, 13:24
Niko kikaoni siwezi kusikiliza. Anasemaje?

Fadhila, 13:31
Naandika kama alivyosema:
"Humo ndani mna sauti ya baba yenu akisoma majina ya wajukuu. Naisikiliza kabla sijalala. Ile simu ilipofutwa nilijua mkono wa nani ulibonyeza, nilikuwa nimekaa pale pale. Nilinyamaza kulinda mtu, mtoto akabebeshwa. Safari hii kisiguswe kitufe hata kimoja mpaka Yusufu awe amekaa hapa ndani. Zuhura mwanangu, wewe ndiye utakayempigia."

Fadhila, 13:32
Ameifunga tableti kwenye kanga, ameiweka chini ya mto

Hamisi, 13:50
Tumesikia bibi.

Mzee Kombo, 13:58
Tumesikia.

Neema, 14:10
🙏

Sadiki, 14:37
Ulikuwa mkono wangu. Menyu ya maandishi, vitufe vya sauti vinapandisha na kushusha mstari. Nilitaka ule wa kuiwasha upya. Nikateremka nikapita, nikabonyeza cha kuwashia. Ukakuja mstari wa kuuliza kama nina hakika, nikadhani wanauliza kama nina hakika naiwasha. Yusufu ndiye aliyekuwa ameishika waliporudi wengine.

Sadiki, 14:38
Nilidhani atasema mwenyewe.

Baraka, 15:05
Mjomba pole

Baraka, 15:06
Na mimi basi niseme. Chaja niliichomoa mimi jana nikiondoka. Simu yangu ilikuwa 3%. Dakika tano tu, halafu nikasahau kuirudisha

Neema, 15:07
Kumbe ndiyo maana vichekesho vimekata tangu saa tano

Zuhura, 15:20
Baraka tutaonana nyumbani.

Zuhura, 16:45
Haya. Tupange. Jumamosi saa nne kwa mama. Inatakiwa kompyuta yenye nafasi, waya mzuri na intaneti isiyosuasua. Hamisi ongeza.

Hamisi, 16:58
Kompyuta iwe na nafasi GB 20 au zaidi, ili tusiadhirike. Mac, yaani kompyuta ya Apple, pia ni sawa, kuanzia mfumo wa Catalina wa 2019 kazi hii iko kwenye Finder, programu yake ya kufungulia mafaili, hamna haja ya iTunes. Tableti ichajiwe ijae kwanza. Fadhila mwombe bibi aruhusu ichajiwe.

Fadhila, 17:10
Ameruhusu chaja. Waya unaingia chini ya mto, yeye mwenyewe amekaa juu yake

Hamisi, 17:11
Afadhali mto usiwe juu yake, itapata joto

Fadhila, 17:14
Nimemwambia. Ameniangalia tu

Hamisi, 17:20
Na niseme ukweli mapema, Update inaweza ikakataa. Ikikataa mara mbili tatu tunasimama hapo hapo, tunaipeleka kwa fundi. Restore hatuigusi.

Zuhura, 17:26
Hamisi unakuja Jumamosi?

Hamisi, 17:40
Ratiba ya zamu inatoka kesho. Nikipangiwa usiku nitakuja nikisinzia. Nikipangiwa mchana nitaelekeza kwa video

Sadiki, 17:41
Mimi nitakuja ila sitashika.

Zuhura, 17:55
Nani ana namba mpya ya Yusufu? Niliyonayo haiiti.

Zuhura, 19:02
Neema najua unayo.

Neema, 20:16
Ninayo. Nimuulize kwanza kama anataka upewe

Zuhura, 20:31
Sawa.

Zuhura, 20:33
Mwambie simpigii kwa ajili ya nenosiri.

Zuhura, 21:04
Na kompyuta nani analeta?

Neema, 22:47
👍

Zuhura, 22:48
Neema dole hilo ni la Yusufu au la kompyuta?