Walimu wa 2012 tumelinganishwa tarehe ya daraja na wa 2014, halafu mserereko (upandishaji wa kufidia waliocheleweshwa) umetuacha. Tange (orodha ya ukuu kazini) ni ya kazi gani?

Wakuu, nimevumilia sana, leo naandika.

Mimi ni mwalimu wa sekondari, shule ya kata, nafundisha Kiswahili na Historia. Niliajiriwa 2012 na shahada yangu, nikaanzia daraja D la mishahara ya walimu (TGTS D) kama wenzangu wote. Jumanne nimeiona orodha ya waliopanda kwenda G kwa mserereko kwenye halmashauri yetu. Jina langu halimo. Limo la kijana aliyeajiriwa 2014, ambaye mimi ndiye niliyempokea, nikamwachia vipindi vyangu vya kidato cha pili na kukaa naye jioni nzima tukijaza azimio la kazi.

Sina ugomvi na yule kijana. Anachapa kazi na daraja ni haki yake. Nataka nielezwe miaka yangu miwili imekwenda wapi.

Kwa asiye mwalimu, ni hivi. Barua yangu ya kwanza ya kutoka D kwenda E niliipata mwanzoni mwa 2016. Ninayo mpaka leo, kwenye mfuko wa plastiki pamoja na vyeti. Ina muhuri, ina sahihi, ina tarehe ya kuanza kulipwa mshahara mpya. Katikati ya mwaka huo serikali ikasimamisha upandishaji wa madaraja kupisha uhakiki wa watumishi hewa, ukafuata wa vyeti. Aprili 2017 Rais Magufuli akakabidhiwa ripoti Dodoma, watumishi 9,932 wakakutwa na vyeti vya kughushi. Sawa, waliofoji waondoke. Mimi cheti changu kilihakikiwa kikaonekana halali, ila barua yangu ilishafutwa. Mwisho wa 2017 nikapewa barua nyingine ya E yenye tarehe mpya, na tarehe hiyohiyo wakapewa E wa 2013 na wa 2014 pia.

Hapo ndipo tulipochinjwa. Tange inawapanga watu wa daraja moja kwa kuangalia nani alitangulia kulipata. Ukishawapa watu wa miaka mitatu tofauti tarehe moja, umefuta ukuu wao kazini kwa siku moja. Na zikilingana hizo tarehe, si uangalie nani alitangulia kuajiriwa na kuthibitishwa? Kwetu hakuna aliyeangalia. Mei Mosi 2021 Rais Samia alipotangaza pale Mwanza kwamba watumishi watapandishwa, tulishangilia, na kweli nikapata F. Tarehe ileile na wa 2014.

Mserereko ukaja tukaambiwa ndiyo tiba, unawarudishia waliocheleweshwa nafasi zao. Nikasema hatimaye. Sasa umempandisha ambaye hakuwahi kushika barua 2016, mimi niliyeishika na kunyang'anywa nimebaki palepale.

Jumatano niliomba ruhusa kwa mkuu wa shule, nikapanda bodaboda hadi ofisi ya halmashauri. Afisa niliyemkuta, dada mmoja mstaarabu tu, akaingiza cheki namba yangu, ile namba ya utumishi, kwenye kompyuta. Akasema, "Mwalimu, kwenye mfumo wewe ulipanda E mwisho wa 2017. Hakuna panapoonyesha kwamba ulicheleweshwa." Nikatoa ile barua. Akaisoma yote, akaigeuza nyuma kuangalia kama kuna kitu, akanirudishia. "Hii ilifutwa, siwezi kuiingiza."

Nikamwambia dada yangu, ilifutwa kwa sababu ya zuio lilelile ambalo mserereko unalifidia. Hiyo barua ndiyo ushahidi wenyewe! Akanyamaza kidogo, akasema nafasi zilikuja chache, bajeti haikutosha wote. Nimekubali, chache. Waliopata walichaguliwa kwa kigezo gani? Nikaomba kuiona tange. Nikajibiwa hiyo ni nyaraka ya ofisi.

Orodha inayonipanga mimi, iliyojaa majina yetu na tarehe zetu, tusiione? Mtihani wa wilaya tunabandika ukutani mpaka mtoto wa mwisho, tena mzazi anakuja kusoma. Tange inafichwa nini?

Na hili si la mshahara wa mwezi huu peke yake. Pensheni inakokotolewa kwa wastani wa mishahara bora ya miaka mitatu. Ofisi yetu ya walimu yuko mzee wetu anayestaafu mwakani. Alikwenda kusoma shahada akiwa na madaraja yake ya stashahada, akabadilishiwa muundo, akaanza kupanga foleni upya na watoto aliowafundisha. Ataondoka na daraja alilonalo kijana wa miaka arobaini. Juzi nimemwona anapiga hesabu za kikokotoo cha pensheni nyuma ya daftari la mahudhurio, anafuta, anaanza tena. Nilitoka nje, sikuweza kukaa.

Ninachotaka ni tange ibandikwe kwenye ubao wa matangazo kila halmashauri, yenye tarehe ya ajira na ya kuthibitishwa kazini, na barua zilizofutwa 2016 zipokelewe kama ushahidi.

Walimu wa 2012 na 2013 mliomo humu, wekeni mwaka wa ajira, tarehe ya barua ya E, na daraja ulilonalo leo. Msiweke majina wala vituo. Aliyewahi kukata rufaa na barua iliyofutwa ikakubaliwa aniambie alimwandikia nani na alipitishia wapi, maana yangu naiandika usiku huu.