Tupeane uzoefu: neno "see" lilikukamata wapi?

Chaki Nyeupe:
Wakuu, salaam. Nafundisha Kiingereza sekondari, kidato cha kwanza na cha pili, na kila mwaka ni yale yale. Mtoto "photosynthesis" kaimeza bila kutafuna, lakini "see" inamwangusha. Wengi wametoka kusoma kila kitu kwa Kiswahili hadi darasa la saba, wakiingia kidato cha kwanza kila kitu kimegeuka Kiingereza, na kamusi ya mfukoni inawaambia "see" ni ona. Basi, imeisha hiyo.

Kuna kijana niliandika chini ya zoezi lake, kwa wino mwekundu, "See me". Siku zikapita, ofisini haji. Nikamsimamisha darasani: mbona hukuja? Akasimama wima, mikono nyuma: "Mwalimu, nilikuona. Ulikuwa pale ubaoni." Darasa kimya. Hakuna aliyecheka, maana nusu yao wangejibu hivyo hivyo. Ajabu ni kwamba ningeandika "nione", angefika kabla ya kengele. Ujanja huo anaujua toka nyumbani, ila alishaamua kwamba Kiingereza hakiwezi kuwa nao.

Uzi huu ni wa visa vyenu wenyewe, si vya kusimuliwa. Kazini, safarini, kanisani, popote. Kirefu, kifupi, vyote karibu.

Dereva wa Seronera:
Mwalimu, hilo neno ndilo linalonilisha. Naendesha wageni Serengeti na Ngorongoro. Kwetu "look", "see" na "watch" si za kitabuni. "Look" ni kazi ya mgeni: ageuze shingo, ashike darubini. "See" ni pale jicho limeshanasa. "Watch" ni kuzima injini na kutulia, mnafuatilia duma anavyonyata. Ukimwambia mgeni "See there!" anabaki anakutazama wewe.

Sasa chui. Kandokando ya mto Seronera chui hupenda kulala juu ya migunga na miegea. Mgeni anatafuta chui mzima, kichwa, masikio na madoa, kama alivyo kwenye kipeperushi. Hamwoni ng'o. Mimi natafuta mkia tu. Matawi yamelala, mkia unaning'inia wima. Shida ya mwegea ni kwamba matunda yake nayo ni marefu na yananing'inia hivyo hivyo, kwa hiyo unasubiri. Tunda halikunji ncha. Ncha ikijikunja, huyo ndiye. Hapo gari zima "Oh, I see it!", na lazima kuna mmoja siti ya nyuma anasema "I'm looking, I'm looking!" Huyo wa nyuma ndiye aliyenielewesha tofauti ya hayo maneno kuliko shule, usinikasirikie mwalimu.

Lingine la haraka. Tukiwa bado ndani ya kreta, gari likipishana na letu mgeni anauliza "Have you seen a rhino?" Siku haijaisha, faru bado anaweza kutokea. Tukishapanda na kufika lodji, wale wale mezani wanaulizana "Did you see a rhino?" Hesabu imefungwa. Nilipoligundua hilo, zile nyakati za vitenzi zilizonitesa sekondari zikakaa sawa zenyewe.

Mpita Njia:
Swali la pembeni jamani. "Holy See" ya Vatikani ni kuona kwa namna gani? Kuona kutakatifu?

Katekista:
Hapana ndugu yangu, hapo hakuna jicho. Hiyo "see" imetoka Kilatini, sedes, yaani kiti, ndiyo maana kwa Kiswahili tunasema Kiti Kitakatifu. Jimbo la askofu yeyote nalo huitwa hivyo. Papa Francis alipofariki tarehe 21 Aprili 2025, mpaka alipochaguliwa Leo XIV tarehe 8 Mei, waliposema "vacant see" walimaanisha kiti kiko wazi. "See" ya kuona ni ya Waingereza wenyewe toka zamani. Zimefanana herufi tu, ukoo hazina.

Zamu ya Usiku:
Niko Uingereza, natunza wazee. Wakati wa kupokezana zamu mwenzio anakukabidhi kwa mdomo, koti mkononi, mguu mlangoni. Mmoja alinimwagia hivi: "See to Room 6, see the lady in 9 up to bed, and we'll see how she goes." Sentensi moja, "see" tatu, na hakuna ya macho hata moja! "See to" ni kumhudumia mtu: umgeuze, ubadili shuka, umpe maji. "See up" ni umsindikize ngazini mpaka kitandani. Ya mwisho ni tusubiri, tuone hali yake inaendaje.

Usidhani ni utani. Kuna mwenzetu aliambiwa "see to" akaenda akachungulia mlangoni, akarudi akaandika kwenye daftari "seen". Mzee wa watu kalala amelowa mpaka asubuhi. Msimamizi alifoka siku ile, na yule dada alikuwa analia kwa sababu kwa akili yake aliifanya kazi aliyoagizwa. Toka hapo nikipokea mgeni yeyote kwenye zamu, kabla ya kumwonyesha chai iko wapi, namwonyesha "see to".

Halafu "see off". Siku naondoka Dar ndugu walijaza Coaster kunisindikiza uwanja wa ndege. "They saw me off." Sawa. Nafika huku, jirani ananisimulia kwamba usiku mbwa wake "saw off" mwizi. Nikawaza, mbwa gani huyu anamsindikiza mwizi? Kumbe kwa Waingereza kutimua nako ni hiyo hiyo.

Binti Likoni:
😂😂 Mbwa na mwizi wameagana kwa heri! Na ile "Are you seeing anyone?" hujaulizwa?

Zamu ya Usiku:
Niliulizwa na bibi wa miaka tisini na kitu, alikuwa anamtafutia mjukuu wake mchumba. Nikamjibu naona watu wengi tu, kila siku, wengine usiku. Akanipigapiga mkono: "Good for you, dear."

Mkalimani:
Wacha nilete la kwangu, halichekeshi sana. Natoka Kivu ya Kusini, nilikuja Marekani kwa mpango wa wakimbizi, na sasa nakalimani hospitalini, mara nyingi kwa simu. Siku hiyo ni daktari wa afya ya akili na mama mmoja kutoka kwetu. Daktari anapita kwenye maswali yake ya kila siku: usingizi, hamu ya chakula, kisha "Do you ever see things other people don't see?"

Nikampelekea mama jinsi lilivyo. Kimya kidogo, halafu nikasikia anashusha pumzi. "Ee. Nimeona mambo. Nimeona mambo watu wa hapa hawajaona."

Sasa niambieni, hapo unafanyaje? Ukilipeleka neno kwa neno, mama ameshakuwa mgonjwa mwingine. Kwa Kiingereza mtu "who is seeing things" anaona visivyokuwepo. Kwetu kuona mambo ni kuyapitia. Unaona mateso, unaona njaa, unaona vita. Na mama alisema kweli tupu, watu wa hapa hawajayaona.

Mkalimani haruhusiwi kumtetea mgonjwa kimyakimya, wala kumrekebishia jibu ili lipendeze. Tunachoruhusiwa ni kusimamisha mazungumzo na kujitaja kama mtu wa pembeni: "The interpreter needs to clarify." Nikasema hivyo. Nikamweleza daktari kwamba kitenzi alichotumia mama kinabeba kushuhudia na kuteseka pia, nikaomba aulize kwa maneno mengine. Kisha nikamwambia mama kwa Kiswahili nilichomwambia daktari, maana hairuhusiwi kuongea na upande mmoja mwingine ukabaki gizani. Daktari akauliza upya, vizuri kabisa: je, kuna wakati unaona mtu au kitu humo chumbani, na wengine mlio nao wanasema hakipo? Mama akacheka, mara ya kwanza siku hiyo. "Hapana, sina majini mimi." Ndipo akaanza kueleza kwa nini halali, na hapo kazi yenyewe ikaanza, saa nzima.

Mahakamani nako kuna ugomvi wake. "I saw him cross the road" maana yake alivuka akamaliza nikiona. "I saw him crossing" ni kwamba nilimkuta katikati, alikomalizia sijui. Shahidi akisema "nilimwona akivuka", yote mawili yanaingia humo. Inabidi nimwombe hakimu ruhusa ya kumuuliza shahidi: ulimwona mpaka akafika ng'ambo? Nimeona mawakili wakigombana nusu asubuhi juu ya hiyo "-ing".

Chaki Nyeupe:
Mkalimani, hili la mama nitaliomba kwa ajili ya darasa. Bila jina la mtu wala mahali.

Mkalimani:
Chukua tu.

Binti Likoni:
Mimi ni "we'll see". "Tutaona" ya mamangu ilikuwa hapana iliyovaa buibui. Nikaenda Canada kusoma. Kazi ya muhula imenilemea, nikamwandikia profesa anisogezee tarehe. Akajibu "Let me see what I can do." Nikajua nimenyimwa kwa adabu. Nilikesha, nikaandika, nikalia, nikaandika. Asubuhi barua pepe: amenipa wiki nzima zaidi! Kumbe mtu alikuwa anaenda kuangalia kweli. Ila jirani yangu, mtoto wake akiomba kununuliwa mbwa, "we'll see" yake ile ni ya mamangu kabisa, sauti mpaka jicho. Kwa hiyo kanuni sina, nasikiliza sauti.

Na lingine: nilikutana na mwenzangu wa darasani muhula mzima sijamtia machoni, nikamchangamkia "You are lost!" Akaniambia hapana, njia anaijua, anaenda maktaba. Sisi Wakenya na Waganda tumezoea, umepotea ni salamu. Wenzetu hapo wana "long time no see", ambayo ukiipima kwa sarufi ya mwalimu wetu hapa haisimami hata kidogo, na bado wanaisema wenyewe bila haya.

Fimbo Nyeupe:
Nimeona uzi mzuri, nikaona nichangie. Mimi sioni toka utotoni, na neno hili nalitumia pengine kuliko nyinyi. Tutaonana, naona umechoka, jana niliiona mechi. Watu wanaogopa kuniambia "see you tomorrow". Wanaisema, wanashtuka, wanaomba radhi. Kuna jamaa ofisini alifikia kunibadilishia, kila jioni "hear you tomorrow!" Nikamwambia kaka, hiyo ndiyo inayouma, rudi kwenye ya zamani.

Kero yangu iko kwingine. Simu yangu inanisomea kila kitu kwa sauti, na kwa sauti ya Kiingereza "see", "sea" na herufi C ni kitu kimoja. Juzi najaza fomu mtandaoni, inanisomea "If yes, si si." Nikadhani imekwama. Nikarudisha nyuma. "If yes, si si." Ikabidi nipite herufi moja moja: s, e, e, nafasi, C. Kumbe walimaanisha nenda sehemu ya C! Aliyeandika fomu hajawahi kuisikia, ameiona tu. Angeandika "go to section C" nisingepoteza muda. Na Facebook, kila posti ndefu inakatikia njiani na kuniamuru "See more". Siku nzima naamriwa nione zaidi.

Dereva wa Seronera:
Kaka, niliwahi kuendesha mgeni asiyeona. Ndiye aliyeniambia simba wako upande gani kabla sijawaona, aliwasikia wakitafuna mfupa. Na jioni mezani alisema "I saw lions today", hakuna aliyembishia.

Wakala wa Kona:
Mwalimu, swali kutoka Nairobi. Niko na duka, na lipa ni M-Pesa. Mteja Mwingereza amesema ametuma. Nimecheki simu, hakuna kitu, nikamwambia "I'm not seeing it." Badala ashughulike na pesa, akanirekebisha, ati niseme "I don't see it". Nani ako sawa hapa?

Chaki Nyeupe:
Kwenye mtihani, yeye. "See" ya macho haivai "-ing". Inavaa ikiwa ya miadi, "I'm seeing the doctor on Monday", ikiwa ya uchumba kama ya yule bibi, au ikiwa ya kuona visivyokuwepo kama alivyoeleza Mkalimani. Ukiandika "I am seeing a bird on the tree" nakata alama. Ila tuseme ukweli: Kampala, Nairobi, Dar, kote wanasema "I'm not seeing it" na wanaelewana, maana Kiingereza chetu kimeshakuwa na tabia zake. Ofisi ya walimu ninamokaa inasemwa kila siku, na mkuu wetu wa idara ndiye anayeongoza.

Wakala wa Kona:
Basi mtihani ubaki nao mwalimu. Nikisema "I don't see it" mteja anadhani sijaangalia vizuri, ananiambia angalia tena. Nikisema "I'm not seeing it" anajua simu iko mkononi, naangalia hiyo dakika, na bado haijaingia. Ndiyo huyo Mwingereza akatoa yake acheki meseji. Alikuwa amelipa till ya kinyozi wa hapo kando.