Mwenye fremu anataka mpwa wake apewe leseni ya vileo kwenye grosari yangu. Sina haki ya kufikiriwa kwanza?

MamaKreti:
Wakuu, habari za jioni. Naombeni ushauri, hasa wanasheria na mliowahi kuifanya biashara hii.

Nina grosari Nkuhungu, Dodoma, fremu ya kupanga. Leseni ya vileo ni jina langu, TIN yangu, mashine ya risiti yangu. Naingia pale hapakuwa hata na sakafu. Kaunta, nondo za dirishani, choo cha wateja, vyote nimejenga mimi kwa makubaliano ya mdomo kwamba tutakatana kwenye kodi. Tukakatana nusu, nusu nyingine mpaka leo kimya.

Juzi napanga kreti za chupa tupu, mwenye nyumba akaja na mtoto wa dada yake. Mkataba wangu ukiisha Desemba haongezi, na kijana ameshaanza kuomba leseni hapo hapo. Fomu nimeiona: mtendaji na bwana afya wameshagonga mihuri, bado polisi. Leseni yangu inaisha 30 Septemba.

Si mimi ndiye wa kwanza kufikiriwa? Jirani anasema nikimbilie mahakamani niweke zuio. Nawasilisha.

Mgogo_Mkavu:
Pole sana dada. Tangu Serikali ihamie huku, mwenye fremu mbili naye anajiita mwekezaji.

WakiliMakole:
Dada, hizo ni kesi mbili, usizifunge kamba moja.

Leseni kwanza. Inatolewa chini ya Sheria ya Vileo ya 1968, Sura ya 77, kwa vipindi vya miezi sita: Aprili hadi Septemba, Oktoba hadi Machi. Kuwa nayo kipindi hiki hakukupi umiliki wa kipindi kijacho. Kule Kerala, India, kanuni zao za 2002 za maduka ya tembo (pombe ya mnazi) ziliwapa kipaumbele waliokuwa wakiyaendesha, na bado watu wakaburuzana mahakamani. Na Mahakama yao ya Juu ilishasema 1994, kesi ya Khoday Distilleries, kwamba kuuza pombe si haki ya msingi ya raia. Haitufungi sisi, ila usiende na hoja ya "mimi ni wa zamani" peke yake.

Hoja yako nzito ni hii: leseni inaangalia mtu na mahali. Mpaka Desemba mahali ni pako kwa mkataba. Kijana anaombea kaunta ambayo hana ufunguo wake! Peleka maombi yako mapema, na barua ya pingamizi kwa mamlaka ya leseni, ambatisha mkataba na leseni, omba kusikilizwa kabla hawajaamua. Katiba, Ibara ya 13(6)(a), inakulinda hapo.

Zuio la nini sasa? Hakuna aliyeamua kitu. Wakikunyima bila kukusikiliza ndipo unaenda Mahakama Kuu kuomba kibali cha mapitio, yaani mahakama ipitie uamuzi huo, ndani ya miezi sita tangu uamuzi.

Fremu na gharama za ujenzi ni Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. La kata tangu 2021 linasuluhisha tu, haliamui, ila anzia huko.

Hombolo_Zabibu:
Barua iwe nakala mbili, yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Ukiambiwa "acha hapo mezani", usiache.

KibaigwaBoy:
Mnampa moyo bure. Ashinde leseni leo, Januari atauzia wapi, barabarani? Mama, tafuta fremu nyingine taratibu, huku ukimdai mzee hela ya kaunta na choo. Yule fundi aliyejenga yupo? Mtafute kabla mwenye nyumba hajamtafuta.

MamaKreti:
Fundi yupo, anakaa Chang'ombe, na risiti za saruji ninazo. @WakiliMakole, 1 Oktoba ikifika sijajibiwa, naruhusiwa kuendelea kuuza maana maombi yangu yako kwao?

WakiliMakole:
Hapana, usithubutu. Kuomba si kupewa. Uza soda na maji, bia toa kabisa kaunteni. Ukikamatwa unauza bila leseni, umempa mwenye nyumba hoja aliyokuwa hana.

KibaigwaBoy:
Hapo nakubaliana na wakili. Na hizo risiti za saruji zitoe kopi, wino wake unafutika.