Jaipal Singh Munda aliondoka kabla ya fainali: dhahabu ya 1928 ni yake au si yake?

Wadau, kuna ubishi wa wapenzi wa mpira wa magongo unaokaribia miaka mia sasa, nami nauleta hapa kwa sababu naona kuna mtu anaonewa.

India ilichukua dhahabu yake ya kwanza ya mchezo huu kwenye Olimpiki ya Amsterdam, 1928. Nahodha aliyeteuliwa alikuwa Jaipal Singh, kijana wa kabila la Munda aliyezaliwa kijiji cha Takra, upande wa Ranchi, na kusomeshwa hadi Oxford. Kwenye makundi timu iliichapa Austria 6, Ubelgiji 9, Denmark 5 na Uswisi 6, bila kufungwa hata bao moja. Halafu, kabla ya fainali na Uholanzi, nahodha akaondoka. Broome Pinniger akashika unahodha, India ikashinda 3–0, na jina lililovuma dunia nzima likawa la mshambuliaji Dhyan Chand.

Wanaompinga Jaipal wana hoja, na siwezi kujifanya siioni. Kwetu neno nahodha ni la baharini kabla halijawa la uwanjani, na nahodha hashuki chomboni kabla hakijafunga gati. Tena siku ya fainali kikosi kilikuwa na wagonjwa, Dhyan Chand mwenyewe akiwa mmoja wao. Wanaongeza kwamba hiyo ndiyo ilikuwa tabia yake: kazi ya serikali aliiacha, timu akaiacha, na mwisho hata chama chake akakiacha. Mtu wa kuishia njiani, wanasema.

Sasa hiyo kazi ya serikali tuiangalie vizuri. Jaipal alikuwa amefaulu kuingia ICS, utumishi wa juu kabisa wa serikali ya kikoloni kule India. Kwa kijana wa kijijini, tena wa kabila lililodharauliwa, ule ulikuwa mlango wa maisha. Alipoomba ruhusa ya kwenda Amsterdam akanyimwa. Akaenda. Aliporudi akaambiwa arudie mwaka mzima wa mafunzo, akakataa, na kazi ikamponyoka. Mtu aliyetupa mkate wake ili aingie uwanjani na timu, leo mnaniambia timu ile haikumuuma? Sababu inayotajwa sana ya kuondoka kwake ni kutoelewana na uongozi wa timu. Mimi naamini mtu aliyelipa bei ile haondoki siku chache kabla ya fainali kwa jambo dogo.

Jambo jingine ni nafasi aliyocheza. Alikuwa beki. Nimecheza mpira wa magongo shuleni, kwenye kiwanja cha changarawe, beki wa kushoto, kwa hiyo hili naliongea kwa uchungu. Ule mpira ni mgumu kama jiwe. Beki anainama, gongo limelala chini, anautazama mpira ukija unarukaruka kwenye kokoto na hajui utamgonga mguuni au usoni. Akiuzuia, hakuna anayemshangilia. Akiukosa, uwanja mzima unamjua kwa jina. India ilimaliza mashindano yale ikiwa na mabao 29 kwa 0. Mabao 29 yanasimuliwa mpaka leo. Ile sifuri nani anaisimulia?

Baada ya Amsterdam maisha yake yalipanuka sana. Mwaka 1934 alikwenda kufundisha Achimota, Gold Coast, yaani Ghana ya leo. Mwaka 1939 akawa rais wa Adivasi Mahasabha, umoja wa makabila ya wenyeji, na watu wake wakamwita Marang Gomke, kiongozi mkuu. Tarehe 19 Desemba 1946 akasimama katika Bunge la Katiba la India akajitaja mwenyewe kwa tusi walilozoea kutukanwa, mtu wa porini, kisha akawaambia wakubwa wale kwamba demokrasia hawawezi kuwafundisha Waadivasi, bali wao ndio wajifunze kwao. Baadaye, bunge lilipojadili kupiga marufuku pombe, akaitetea pombe ya mchele ya watu wake, kwa kuwa kwao ni kitu cha ibada. Nilipokisoma kisa hicho nilimwona yule beki: ameinama, hasogei.

Kuhusu 1963 simtetei. Chama chake cha Jharkhand, kilichodai jimbo la Waadivasi, kilikuwa kimepata viti 32 katika bunge la jimbo la Bihar mwaka 1952, kikashuka hadi 20 mwaka 1962, naye mwaka uliofuata akakiunganisha na chama tawala cha Congress bila jimbo waliloahidiwa wananchi kupatikana. Wengi walijiona wameuzwa, na nawaelewa. Alifariki 1970, Jharkhand ikawa jimbo Novemba 2000. Lakini kosa la 1963 haliwezi kurudi nyuma miaka 35 kumvua medali ya 1928.

NYONGEZA: Mdau mmoja hapo chini ameandika kwamba nachanganya siasa na michezo, na kwamba unahodha upimwe uwanjani tu. Sawa, twende uwanjani. Wilaya za Khunti na Simdega huko Jharkhand, nchi ileile ya Waadivasi aliyoipigania, ndizo zinazolea wachezaji mpaka leo, watoto wakianza na magongo ya mianzi. Nikki Pradhan ametoka Khunti. Salima Tete, aliyepewa unahodha wa timu ya wanawake ya India mwaka 2024, ametoka Simdega. Mtoto wa kule anapoambiwa kwamba nahodha wa kwanza wa dhahabu ya India alitoka kwao, anaambiwa ukweli.

Pinniger apewe heshima ya fainali, hilo sipingi. Ila wanaotaka jina lake liandikwe peke yake wanijibu hili: yale mabao 26 ya makundi, bila kufungwa hata moja, tuyaandike chini ya nahodha gani?