Mjadala: Mihály Víg ahesabiwe mwenye filamu, au abaki mtunzi wa muziki?

Mleta mada: Mihály Víg wa Budapest ametunga muziki wa filamu za Béla Tarr, mwongozaji wa Hungaria, tangu *Őszi almanach* (1984) hadi *A torinói ló* (2011). Katika *Sátántangó* (1994), filamu ya zaidi ya saa saba, ndiye pia Irimiás, tapeli anayewahutubia wanakijiji mbele ya maiti ya mtoto hadi wakampa akiba yao. Nasema ahesabiwe mwenye filamu, yaani mmoja wa walioiumba, pamoja na mwongozaji. Mtunzi kwa kawaida huletewa picha zilizokwisha kuhaririwa, naye hupima sekunde na kujaza. Kwa Tarr muziki ulitangulia: ulirekodiwa kabla, ukapigwa wakati wa kupiga picha, kamera na waigizaji wakaufuata mwendo wake.

Mhariri wa picha: Ndugu, roli ya filamu ya milimita 35 yenye mita 300 huisha kwa dakika 11 hivi. Huo ndio uliokuwa ukomo wa shoti, yaani picha inayopigwa mfululizo bila kukatwa, si muziki. Mwigizaji akikosea dakika ya tisa, roli imeharibika, mnaanza upya. Tena spika ikilia, maikrofoni hunasa muziki pamoja na maneno, kwa hiyo mazungumzo hurekodiwa upya studio. Lars Rudolph, mwigizaji Mjerumani, tunamsikia kwa Kihungaria katika *Werckmeister harmóniák* (2000). Filamu hiyo ina shoti 39 tu, na mhariri wake alikuwa Ágnes Hranitzky, aliyeandikwa mwongozaji mwenza. Kama ni kugawana heshima, tuanze na huyo mama.

Mwanasheria wa hakimiliki: Wakubwa, sheria ya Ulaya imejibu nusu ya swali. Agizo la Umoja wa Ulaya la 2006/116, kifungu cha 2, linamtambua mwongozaji mkuu kuwa mmoja wa wenye filamu, na kila nchi ina hiari ya kuongeza wengine. Lakini miaka 70 ya ulinzi huanza kuhesabiwa baada ya kufariki wa mwisho kati ya wanne: mwongozaji mkuu, mwandishi wa mswada, mwandishi wa mazungumzo, na mtunzi wa muziki uliotungwa mahususi kwa filamu hiyo. Angalieni neno "mahususi". Wimbo uliotungwa kwa ajili ya bendi zake, Balaton au Trabant, kisha ukaazimwa na filamu, hauingii.

Mleta mada: Mheshimiwa, umenisaidia. Mhariri, roli huweka ukomo, haipangi kinachotokea ndani yake. Tazama shoti ya kwanza ya *A torinói ló*: farasi anavuta mkokoteni kwenye upepo, kamera inashuka karibu na pua yake, inarudi nyuma, inamsogelea tena. Hakuna neno linalosemwa. Muziki unazunguka kifungu kilekile bila kutua, ndiyo maana jicho halidai kukatwa. Weka pale muziki wenye kilele: kilele kikipita, mtazamaji anangoja picha ibadilike, na shoti imekufa.

Mhariri wa picha: Hapo nakubali kuhusu shoti ile. Lakini filamu ina shoti 30, na nyingi hazina muziki kabisa. Aliyeamua kuuzima ni nani?